Somo: Filamu fupi ya mwalo wa Kibirizi, bila kumhoji mtu

Ndugu wanachama, leo tunatengeneza filamu ya dakika kumi ya kutazama tu: haina msimulizi, mahojiano wala muziki. Tutafanyia mwaloni Kibirizi, hapa Kigoma, wavuvi wa Ziwa Tanganyika wanakoshushia dagaa.

Hatua ya 1. Siku tatu za kwanza kamera ibaki nyumbani. Salimia watu, saidia kubeba ndoo, omba ruhusa kwa viongozi wa mwalo na kwa kila utakayemrekodi. Angalia na mwezi: dagaa huvuliwa kwa taa usiku wa giza. Mbalamwezi ikikolea, wavuvi wengi hupumzika.

Hatua ya 2. Tafuta kitu kimoja kilichobadilika. Mimi nilichukua taa. Zamani ilikuwa karabai, taa ya mafuta, inapigwa pampu na kunguruma usiku kucha. Siku hizi ni taa za betri na sola, kimya. Usiyaseme hayo. Mwonyeshe mzee anayepangusa karabai yake iliyotundikwa ukutani, kisha kijana anayefunga nyaya za betri. Mtazamaji ataelewa.

Hatua ya 3. Hapa ndipo wengi hushindwa. Weka kamera kwenye stendi, bonyeza, usiiguse mpaka dakika tatu zipite. Nilimrekodi mama mmoja akigeuza dagaa kwenye chanja, jukwaa la kuanikia. Mwanzoni alijiweka sawa na kurekebisha kitenge. Kisha akanisahau. Akaokota dagaa mmoja, akamvunja katikati, akasikiliza mlio, akatikisa kichwa: bado hawajakauka. Ningezima mapema ningekosa kitu kizuri kuliko vyote nilivyorekodi mwaka ule.

Hatua ya 4. Upepo wa ziwa huua sauti. Funika maiki kwa sponji.

MASWALI

Shikamoo mwalimu. Watoto wakijaa mbele ya kamera?
Marahaba. Usiwafukuze. Wape nusu saa, watachoka wenyewe.

Kaka, kibali kinahitajika?
Ukitaka kuionyesha hadharani, anzia Bodi ya Filamu kabla hujarekodi. Kutengeneza filamu kuna sheria yake tangu 1976.

Ziwa likifungwa, uvuvi ukisimamishwa, tusubiri lifunguliwe?
Hapana dada, nakuomba usisubiri! Mwaka 2024 uvuvi Ziwa Tanganyika ulisimama kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti. Kipindi kama hicho, nenda na kamera. Rekodi chanja tupu, mitumbwi iliyopandishwa mchangani, na mama yule yule: asubuhi anaamkia kazi gani?