Ukiona hospitali inaandikia bima huduma hewa, fanya hivi

Jamani, mama yangu alienda kituo kimoja cha afya na presha yake, akapimwa, akapewa vidonge, wakati wa kutoka akaletewa fomu ya bima asaini. Nikaichukua nikaisoma, nakuta kaandikiwa dripu na sindano za antibayotiki ambazo hakuchomwa! Wengi tunasema hiyo ni hela ya NHIF, ule mfuko wa taifa wa bima ya afya hapa Tanzania, haituhusu. Inatuhusu sana, maana ile sindano hewa inaweza kubaki kwenye faili lake, kesho daktari mwingine akisoma ataamini dawa ile ilishatumika haikusaidia, anampandishia kali zaidi, na hapo ndio mtu anaumia.

Kwa hiyo wewe mgonjwa usisaini fomu tupu, hata kama foleni ni ndefu na mtu wa dirishani kanuna. Soma kila mstari, uliza hiki ni nini, kisichokuhusu kikatwe ukiona, halafu piga picha fomu yako.

Kama wewe ndio unafanya kazi hapo ndani, mambo ni magumu zaidi, najua, mshahara na watoto vinakutegemea. Anza kimya kimya na daftari lako. Andika tarehe, saa, kipimo au dawa gani, nani alikuwa zamu, na utenganishe ulichokiona kwa macho yako na ulichoambiwa. Usitoe mafaili ya wagonjwa nje na usirushe picha zenye majina yao kwenye grupu la watsapu, siri ya mgonjwa ni siri na watakugeuzia kibao wewe. Ila kama kuna mgonjwa yuko hatarini sasa hivi, labda kapewa dozi siyo, hapo hakuna cha daftari, mwambie daktari wa zamu saa hiyo hiyo, mengine baadaye.

Pa kupeleka: mganga mfawidhi, yaani mkuu wa kituo, kama unamwamini. Kama naye yumo kwenye mchongo, mruke, nenda ofisi ya NHIF ya mkoa au piga TAKUKURU, wale wa kuzuia rushwa, namba 113, ni bure. Dawa bandia ni TMDA, mamlaka ya dawa na vifaa tiba, daktari anayepasua watu bila sababu ni Baraza la Madaktari.

Ipo Sheria ya Kuwalinda Watoa Taarifa na Mashahidi ya mwaka 2015, inamkinga anayetoa taarifa kwa nia njema asifanyiwe visasi kazini. Lakini sikiliza vizuri, kinga hiyo ni ya anayepeleka kwenye mamlaka husika, ukianza na Instagram umejiweka uchi mwenyewe.

Ukishatoa taarifa andika jina la aliyeipokea na siku, baada ya wiki mbili rudi ukaulize imefika wapi, wakikuzungusha peleka kwa maandishi ubaki na nakala iliyogongwa muhuri. Zile sindano za mama walizikata palepale bila kubisha, picha ya fomu ya kwanza bado ninayo na ndio niliyoenda nayo NHIF.