Somo: Namna ya kujenga dunia ambamo usingizi wa mchana hukunja wakati

Wengi mmenitumia hadithi za mtu anayejilaza mchana na kuamkia zama nyingine. Wazo ni zuri, ila karibu zote zinakwama palepale: mwandishi anamfuata aliyelala, anamsahau aliyebaki macho. Naamini kabisa kuwa hadithi ya namna hii ni ya yule aliyebaki macho. Nitatumia nchi yangu ya kubuni, Sinziani, kama mfano. Ichukueni, ibomoeni, mjenge za kwenu.

Hatua ya 1: Chagua upande wa kukunja

Kuna njia mbili. Ya kwanza, aliyelala anaona kitambo kidogo tu, kumbe nje imepita miaka. Ndiyo habari ya Watu wa Pangoni katika Qurani: walipozinduka walisema wamekaa siku moja au sehemu ya siku, na kumbe ni miaka 309. Ya pili ni kinyume chake: nje kivuli cha mti hakijasogea, lakini ndani ya usingizi mtu ameoa, amezaa, amezeeka. Shika moja tu.

Mimi nilishika ya pili, kwa sababu ndiyo iliyo mbali zaidi na usingizi wetu wa kawaida. Mwaka 1957 watafiti wa usingizi William Dement na Nathaniel Kleitman waliwaamsha watu dakika 5 au 15 tangu macho yao yaanze kuchezacheza chini ya kope, wakawauliza ndoto imechukua muda upi kati ya hizo mbili. Wengi walipatia. Ndoto zetu, basi, hutembea karibu sawa na saa ya ukutani. Sinziani inaanzia pale saa hiyo inapokataliwa.

Sasa mtazame aliyebaki macho. Mkewe kajilaza kidogo baada ya kazi. Anaamka akiwa anamlilia mume mwingine, aliyeishi naye miaka arobaini na kumzika kwa mikono yake. Huyu wa kando ya kitanda afanye nini? Amwonee wivu marehemu asiyewahi kuwapo?

Hatua ya 2: Vipimo vitoke kwenye lugha

Usianze na "dakika moja ni mwaka mmoja". Hiyo ni hesabu, haina ladha. Kiswahili kimeshatupangia ngazi. Kuna mang'amung'amu, pale mtu hayuko macho wala hajalala. Kuna lepe, usingizi wa kitambo kidogo. Kuna usingizi wa pono, ule mzito kabisa. Sinziani, mwenye mang'amung'amu husikia sauti za pande zote mbili bila kwenda popote. Lepe moja ni msimu mmoja wa mvua. Pono ni umri mzima.

Msomaji atakuamini, maana mwili wake unazijua ngazi hizi. Anayelala dakika 20 hivi kwa kawaida hubaki kwenye usingizi mwepesi, akaamka bila taabu. Akipitiliza anazama, na ukimwamsha humo anaamka kichwa kizito, hajui asubuhi wala jioni. Mzunguko mzima wa usingizi, kutoka mwepesi hadi mzito na wa ndoto, huchukua dakika kama 90. Kwa hiyo hatari kubwa ya Sinziani haihitaji mchawi: ni lepe lililopitiliza.

Hatua ya 3: Mwili ubaki ulivyo

Kwangu akili huzeeka, mwili hapana. Mhunzi wa ndotoni anaamka na ujuzi wa miaka thelathini, lakini viganja havina sugu hata moja, na nyundo inamchubua.

Hatua ya 4: Mpe aliyebaki macho kazi na sheria

Hapa msiwe wavivu. Sinziani kuna wakeshaji. Mkeshaji hukaa kando ya aliyelala na bakuli lenye tundu dogo, likielea juu ya maji. Likizama, anaamsha. Akichelewa pumzi chache tu, amemwongezea mtu miaka ya majonzi, na sheria inamhesabia. Yeye mwenyewe haruhusiwi kulala mchana maisha yake yote. Jiulizeni nani angekubali kazi hiyo, na kwa nini. Mkipata jibu, mmempata mhusika mkuu.

Hatua ya 5: Andika kuamka kabla ya msuko wa hadithi

Anza na jina. Aliyeamka anamwita nani kwanza?

Maswali ya wanachama

*Shikamoo mwalimu. Mhusika anaweza kutoka na kitu usingizini?*

Marahaba. Kitu, hapana. Wimbo, lugha, ufundi, sawa. Ukiruhusu hata pete moja, matajiri watawalaza watu kwa ajili ya dhahabu, na hadithi itageuka kuwa ya biashara.

*Mimi nimechagua njia ya kwanza. Je, mtu hupotewa na siku kiasi hicho kweli?*

Bila usingizi wa ajabu, ndiyo. Mwaka 1962 Michel Siffre, mtafiti Mfaransa, aliishi pangoni miezi miwili bila saa. Alitoka tarehe 14 Septemba. Kwa hesabu yake ilikuwa 20 Agosti. Siku 25 zilimponyoka akiwa na akili timamu. Anzia hapo, kisha kuza.

*Jinamizi nalo niliweke wapi?*

Kwenye mang'amung'amu. Hata kwetu, mtu hukabwa pale fahamu inaporudi huku viungo bado vimefungwa na usingizi wa ndoto. Kule Sinziani, mtu huyo ana mguu mmoja kila upande, na mkeshaji amekatazwa kumgusa.

*Watoto wachanga hulala kutwa. Wameshaishi maisha mangapi?*

Swali hili lilinisimamisha miezi, ndugu yangu, nikakaribia kuiacha Sinziani yote. Nilipofikia ni hapa: usingizi humchukua mwenye jina tu. Kwa hiyo mtoto hapewi jina mpaka aache kulala mchana. Mama humwita "wewe", miaka mitatu, minne, akijua jina alilomchagulia na akilimeza kila siku. Siku ikifika, anayelitamka kwa mara ya kwanza ni mkeshaji.