Somo: Kuchana nywele bila kuzikata, kuanzia singa hadi kipilipili

Kabla ya somo, fanya jaribio dogo. Kusanya nywele zilizobaki kwenye kitana baada ya kuchana leo, uzitandaze juu ya kitambaa cheupe, au cheusi kama una mvi. Ukiona unywele mrefu wenye kijidoa cheupe upande mmoja kama kichwa cha pini, huo umenyonyoka. Ulikuwa umemaliza muda wake kichwani na ungetoka hata kama usingeshika kitana. Mtu mzima hupoteza nywele 50 hadi 100 hivi kwa siku kwa njia hiyo, na huo si ugonjwa. Lakini ukiona vipande vifupi vifupi visivyo na kijidoa, hivyo vimekatika, na mara nyingi aliyevikata ni mwenye kitana. Somo la leo linahusu hivyo vipande.

Mimi ni msusi. Wengi wanaokaa kwenye kiti changu wakilalamika kwamba nywele zao hazikui, nywele zinakua vizuri tu, karibu sentimita moja kwa mwezi. Zinaota kwenye shina na kukatika nchani kwa kasi ileile, halafu mwenyewe ananunua mafuta ya kukuza. Huko ni kuteka maji kwa pakacha.

Unywele ukishatoka nje ya ngozi hauna uhai. Ni protini iitwayo keratini, na ukijeruhiwa haujiponyi kama kidonda. Juu yake kuna magamba madogo sana yaliyopandana kama vigae vya paa, yote yakielekea nchani. Kitana cha nguvu huyainua, na yakishainuka hukwaruzana na ya unywele wa jirani, ndipo nywele zinapokosa mng'ao na kuanza kujifunga. Sasa tuanze.

Hatua ya kwanza: zijue nywele zako zilivyo leo

Nimesema leo, kwa sababu mtu anaweza kuzaliwa na kipilipili ngumu isiyotikisika, akatia dawa na rangi, kisha akaendelea kuzichana kama za utotoni.

Nywele za singa, zilizonyooka, huwa dhaifu zaidi zikiwa zimelowa. Maji huingia ndani, unywele unavimba na kuvutika kama mpira, na ukizidisha unakatika. Mwenye singa azikaushe kwa kuzikandamiza na taulo bila kusugua, asubiri ziwe na unyevu kidogo tu, ndipo achane kwa chanuo pana.

Kipilipili ni kinyume chake, na hapa ndipo wengi tunapotea kwa kufuata maelekezo yaliyoandikwa kwa ajili ya singa. Unywele wa kipilipili una mizunguko mingi, na kila kona ni mahali pa kukatikia. Ukiwa mkavu, mizunguko hiyo imeng'ang'aniana na kitana kinalazimika kupigana nayo. Ukilowa na kupakwa kondishena, mizunguko inalegea na meno yanapita. Kwa hiyo kipilipili, na nywele za mawimbi yaliyobana, huchanwa zikiwa na unyevu na utelezi. Kavukavu, usithubutu.

Hatua ya pili: kifaa

Vidole ni kitana cha kwanza, maana vinahisi fundo kabla hujalivuta. Baada yake chanuo la meno mapana yenye ncha za mviringo. Kabla ya kununua kitana cha plastiki, pitisha meno yake taratibu upande wa ndani wa mkono. Vingi vina mshono mwembamba uliobaki kiwandani, na ukiusikia unakwaruza ngozi, jua utafanya hivyohivyo kwenye magamba ya nywele elfu kwa mkupuo. Meno membamba ni ya kugawia mistari na ya kutafutia chawa. Brashi ya manyoya laini inawafaa wenye singa kusambaza mafuta ya ngozi hadi nchani, na wenye kipilipili kulaza nywele za juu tu, baada ya mafundo kuisha.

Na ile habari ya kupiga brashi mara 100 kwa siku ili nywele zing'ae, iacheni. Kila mpito ni msuguano. Chana kiasi cha kutengeneza nywele, basi.

Hatua ya tatu: gawa na lainisha

Nywele za singa nyepesi unaweza kuzigawa mara mbili, au usizigawe kabisa. Kipilipili igawe mafungu manne kwa uchache. Zikiwa nyingi, hata kumi si mengi. Bana yale usiyoyashughulikia. Nyunyizia fungu moja maji, paka kondishena kuanzia katikati hadi nchani, kisha subiri dakika mbili tatu. Ninajua mkono unawasha kuanza. Subiri.

Hatua ya nne: chini kwenda juu

Shika fungu kwa mkono mmoja, juu kidogo ya mahali utakapochana, ulikamate vizuri ili mvuto uishie kwenye mkono wako usifike kwenye ngozi ya kichwa. Chana sentimita chache za mwisho. Zikipita bila kukwama, panda kidogo, uchane tena hadi nchani. Panda tena, mpaka ufike kwenye shina.

Ukianzia juu, kila fundo unaloshuka nalo linakutana na lingine huko chini, na mwisho unakuwa na donge moja gumu ambalo umelisuka kwa mkono wako mwenyewe.

Tega sikio pia. Nywele zinazochanika vizuri zinatoa mchakacho mwepesi. Ukisikia "ta, ta, ta" kama vijiti vikavu vinavunjwa, simama hapohapo, hiyo ni sauti ya kukatika. Weka kitana chini, tia kondishena kwenye fundo lenyewe, ulipanue kwa vidole kuelekea pembeni, uchomoe nywele chache chache. Fundo halivutwi kwenda chini, maana linakaza kama la kamba.

Fungu likiisha, lisokote au lisuke kabla ya kwenda la pili, la sivyo litajifunga tena ungali upande wa pili wa kichwa.

Nywele zenye mambo yake

Zenye dawa ya kulainisha. Dawa hizo hufanya kazi kwa kuvunja viungo vya ndani ya unywele, na havirudi. Pale nywele mpya inapokutana na ile yenye dawa ndipo dhaifu kuliko pote, kwa hiyo wanaoacha dawa wachane sehemu hiyo kwa vidole kwanza. Na siku ya kutia dawa, wala siku chache kabla yake, usikwaruze ngozi ya kichwa kwa kitana. Dawa ikikuta mkwaruzo, inaunguza.

Zilizopaushwa rangi hunywa maji haraka na kuvutika sana, hata zikiwa za kipilipili. Hizo utelezi uwe mwingi, mkono uwe mwepesi.

Zinazopigwa pasi ya moto zichanwe na zikauke kabisa kwanza. Pasi kwenye unywele wenye maji huyachemsha yakiwa ndani, na mvuke wake unautoboa unywele.

Zilizofumuliwa. Hapa nina aibu yangu ya kusimulia. Nikiwa bado najifunza kazi, alikuja mteja aliyekaa na misuko miezi miwili. Nikafumua yote, nikamwagia maji na shampuu palepale bila kuchana. Nywele zikashikamana kama sufu iliyofuliwa vibaya. Nilikaa nazo kuanzia mchana hadi giza linaingia, na bado nilikata konzi moja ya kisogoni. Piga hesabu: nywele 50 hadi 100 kwa siku, kwa siku 60, ni nywele 3,000 hadi 6,000 zilizonyonyoka lakini zikabaki zimefungwa ndani ya misuko. Ukizilowesha kabla ya kuzitoa, zinajifunga kwenye zile ambazo bado zimeshika kichwani. Basi fumua msuko mmoja, paka mafuta au kondishena kwenye ule utando mchafu unaokaa shinani, vuta nywele zilizotoka kwa vidole, chana, sokota, ndipo ufumue unaofuata. Kuosha ni mwisho. Na usishtuke na ule mzigo wa nywele mkononi, ni wa miezi miwili.

Maswali ya wanachama

*Dada, binti yangu wa miaka minne akiona kitana tu anaanza kulia. Nifanyeje?*

Mama, huenda analia kwa kumbukumbu kabla ya maumivu yenyewe. Kwa wiki chache mfiche kile kitana cha zamani, tumia vidole na maji ya kunyunyizia, fungu dogodogo, ukishika nywele juu ya fundo kama nilivyoeleza. Mpe chanuo lake achane mwanasesere wakati wewe unamchana. Fanya nusu ya kichwa leo, nusu kesho, hakuna sheria inayokataza. Na usiku zisuke mabutu yaliyolegea, kwa sababu mafundo mengi ya watoto hutengenezwa kwenye mto.

*Nimejifungua miezi minne iliyopita, nywele zinatoka kwa mafungu. Niache kuchana?*

Hongera kwa mtoto. Wakati wa ujauzito nywele nyingi hubaki kichwani muda mrefu kuliko kawaida, kisha baada ya miezi mitatu hivi tangu kujifungua zinanyonyoka pamoja. Kwa wengi hali hutulia mtoto anapokaribia mwaka. Usiache kuchana, kwani nywele zilizonyonyoka zikikaa humo zinafanya mafundo yatakayokata nzima. Ila ukiona upara wa viraka, au mwaka umepita hali ni ileile, muone daktari.

*Mimi mwanamume, nywele fupi sana, napiga brashi ngumu asubuhi na jioni. Siku hizi kichwa kinawasha na mba unaanguka mabegani.*

Kaka, brashi haikuleta mba, ila inauchochea. Kila unapokwaruza, ngozi inachubuka na kuwasha zaidi, nawe unaongeza brashi. Badili uchukue ya manyoya laini, mara moja kwa siku, na osha kwa shampuu ya mba yenye ketokonazoli au zinki pirithioni, uiache kichwani dakika tano kabla ya kusuuza. Wenye magamba mazito ya soriasisi, ugonjwa wa ngozi, nao wasiyabandue kwa kitana, maana palipojeruhiwa ugonjwa unaweza kuzuka upya.

*Tuna kitana kimoja nyumbani, watu sita. Kuna ubaya?*

Upo. Mapunye ni fangasi, na hupita kwenye vitana, kofia na mashine za kunyolea. Mtoto akiwa na viraka vya mviringo vyenye magamba, au vidoa vyeusi mahali nywele zilipokatikia kwenye ngozi, apelekwe hospitali. Mafuta ya kupaka peke yake hayatoshi kwa kuwa fangasi amekaa ndani ya shina, hivyo dawa yake ni ya kumeza, kwa wiki kadhaa. Kila mtu awe na kitana chake.

*Na chawa? Umesema meno membamba si ya kuchania.*

Kwa chawa kanuni inabadilika. Kwanza toa mafundo yote kwa chanuo pana, nywele zikiwa zimelowa na kondishena tele. Kisha chukua kitana chembamba cha chawa, ukiguse kwenye ngozi, ukivute kutoka shinani hadi nchani, na kila mpito ukifute kwenye karatasi nyeupe. Mayai huchukua siku 7 hadi 10 hivi kuanguliwa, kwa hiyo mara moja haitoshi. Rudia siku ya 1, ya 5, ya 9 na ya 13, kisha kagua siku ya 17. Kitana kiloweke kwenye maji ya moto, nyuzi 54 au zaidi, dakika 5 hadi 10.

*Nachana vizuri kabisa kwa njia yako, lakini nywele za pembeni ya paji zinazidi kwisha.*

Basi kosa haliko kwenye kitana. Unasuka kwa kubana, au unafunga kibutu cha kukaza kila siku? Mvuto wa muda mrefu hung'oa nywele za ukingoni, na usipolegeza mapema shina hufa kabisa. Msuko unaokufanya umeze dawa ya maumivu ili ulale, ufumue usiku huohuo. Mimi msusi ndiye ninayesema, na ninajua wenzangu hawatapenda.

*Mama yangu ameanza matibabu ya saratani. Nimchane?*

Pole sana, na mpe pole mama. Kwa dawa nyingi za aina hiyo nywele huanza kutoka kati ya wiki ya 2 na ya 4. Tumia brashi laini kama ya mtoto mchanga, bila kuvuta, bila moto, bila kusuka kwa kubana. Wengine huomba zipunguzwe mapema ili wasizione zikianguka kwenye mto. Muulize mwenyewe anapenda nini, usimwamulie.

*Brashi yangu ni ya mbao. Naiosha vipi?*

Toa nywele kwanza kwa mkia wa kitana. Chovya manyoya peke yake kwenye maji ya vuguvugu yenye shampuu kidogo, usiizamishe, maana mbao hupasuka na gundi huachia. Suuza, kung'uta, ilaze manyoya yakitazama chini mpaka ikauke. Ya plastiki unaweza kuiloweka yote. Mara moja kwa wiki inatosha, labda kama unapaka mafuta mengi.