SOMO: Kesi ya kifo cha mahari India, inathibitishwaje mahakamani?

Wadau habari zenu. Tuelewane kwanza, mahari ya leo siyo ile yetu ya wazee kwenda ukweni na ng'ombe au bahasha. India upande wa binti ndo unatoa, pesa, dhahabu, pikipiki mpaka gari, na sheria ilishapiga marufuku tangu 1961 lakini watu wanadai tu, na wengine wanaendelea kudai ndoa ishafungwa mpaka binti anapoteza maisha. Ndo maana 1986 likaundwa kosa maalum, kifungu cha 304B cha Kanuni ya Adhabu ya India, ambacho kwenye sheria mpya iliyoanza 1 Julai 2024 ni kifungu cha 80. Adhabu inaanzia miaka 7 mpaka kifungo cha maisha.

Hatua ya 1. Hesabu miaka. Kifo kiwe ndani ya miaka 7 tangu ndoa. Kadi ya mwaliko, picha, waliohudhuria, hapa huwa hakuna shida.

Hatua ya 2. Onyesha kifo siyo cha kawaida: moto, majeraha, sumu, kamba. Ukweni wanasema "jiko lililipuka", sawa, sasa daktari anaangalia koo. Kukiwa na masizi ndani ya njia ya hewa maana yake alikuwa anapumua moto unawaka, yasipokuwepo kabisa lazima ujiulize kama hakuwa ameshakufa kabla ya kuchomwa. Na nywele zikinuka mafuta ya taa wakati jiko lenyewe ni la gesi, hiyo stori imekwisha.

Hatua ya 3, na hapa ndo kesi nyingi zinafia. Uonyeshe aliteswa kwa ajili ya mahari "muda mfupi kabla" ya kifo. Mahakama ya Juu 2021 ilisema hiyo siyo lazima iwe jana yake, ila kuwe na uhusiano wa karibu, ambao haujakatika, kati ya mateso na kifo. Sasa baba mtu anapanda kizimbani anasema "walikuwa wanamsumbua", basi, hakuna tarehe, hakuna kiasi, hakuna nani alidai nini. Inauma sana kwa sababu mara nyingi ushahidi upo, meseji ya usiku "wanataka laki mbili zingine", jirani aliyemwona amefukuzwa na begi, risiti ya pesa alizotuma kaka. Kusanyeni mapema, andikeni tarehe!

Hatua ya 4. Ukishathibitisha hayo yote, mahakama LAZIMA idhanie kwamba mshtakiwa ndo kasababisha kifo, na mzigo unahamia kwake. Lakini usimrundikie kila ndugu, wifi anayeishi mji mwingine na hana alichofanya anaidhoofisha kesi nzima.

MASWALI

Swali: Mkuu, kama alijinyonga mwenyewe?
Jibu: Bado inaingia, kujiua siyo kifo cha kawaida. Hatua ya 3 ndo itaamua.

Swali: Mume akisema alikuwa anaomba tu mtaji wa biashara?
Jibu: Utetezi wa aina hiyo ulishawahi kupita 2007, ila 2015 majaji watatu wa Mahakama ya Juu wakaukataa. Hela ikidaiwa kwa binti au kwao na ina uhusiano na ndoa, ni mahari.

Swali: Vipi miaka 7 ikipita?
Jibu: Kifungu hiki hakitumiki tena, ila yapo ya ukatili, kushawishi mtu kujiua, na mauaji yenyewe. Ugumu ni kwamba kwenye mauaji hakuna dhana ya kukusaidia, unathibitisha mwenyewe mwanzo mwisho.

Swali: Dada aliongea hospitali kabla hajafa, inakubalika?
Jibu: Ndiyo, na ikiaminika inaweza kutosha peke yake kumtia mtu hatiani. Bora achukue hakimu, daktari aandike kwamba akili yake ilikuwa timamu, na ndugu wote watoke nje, wa pande zote mbili. Vidole vikiwa vimeungua, huwa wanachukua alama ya kidole cha mguu.