SOMO: Programu inagoma kutoa ripoti kwenda Excel au PDF? Soma hapa kabla hujanipigia

Wakuu, salaam. Kila Juni 30 ikikaribia na watu wanafunga mwaka wa fedha, simu yangu haitulii. Maghala ya Kibaigwa, vyama vya wakulima wa zabibu, ofisi za Mtumba, wote swali moja: "Fundi, ripoti naiona kwenye skrini, nikiitoa inaleta mambo ya DLL." Naandika mara moja. Atakayeuliza tena namtumia hii.

Kifupi: DLL ni faili la maktaba. Programu haibebi kazi zote yenyewe. Kuandika PDF au Excel kumewekwa kwenye faili la pembeni, linaitwa likihitajika. Programu zilizojengwa juu ya Crystal Reports (zana ya kutengenezea ripoti) za zamani, kwa mfano, huita crxf_pdf.dll kwa PDF. Likikosekana hilo, ripoti inafunguka vizuri tu ila haitoki.

1. Piga picha ujumbe wa kosa, wote. "Imegoma" si ujumbe.

2. Funga programu, weka nakala ya data kwenye flashi.

3. Fungua antivirusi, angalia karantini (sehemu inapofungia mafaili inayoyashuku). Mara nyingine faili limefungiwa humo.

4. Jua programu yako ni ya biti 32 au 64 (ni aina mbili za ujenzi wa programu, na DLL lazima iwe ya aina moja na programu). PROGRAMU, siyo Windows. Hapa ndipo wengi wanapozama. Windows ya biti 64 inaendesha programu za biti 32 bila shida, lakini programu ya biti 32 haiwezi kupakia DLL ya biti 64, wala kinyume chake. Fungua Task Manager, nenda Details, bofya kulia kwenye vichwa vya safu, ongeza safu ya Platform, itakuambia. Sasa mtego: kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ndiyo ya biti 32. Ndiyo, majina yamekaa kinyume, wala msinilaumu mimi. Mtu anaona "32" anatupia DLL yake humo, programu inaendelea kulia kwamba faili halipo. Ukiona kosa namba 0xc000007b, mara nyingi ni biti zimegongana. Ukiona "Microsoft.ACE.OLEDB.12.0 provider is not registered", injini ya data ya Access (kifurushi cha Microsoft cha kusoma na kuandika mafaili ya Access na Excel) haipo kabisa, au ipo ya biti tofauti na programu.

ONYO: usifute wala kubadilisha faili lililokuwemo tayari kwenye folda hizo mbili. Na usishushe DLL moja moja kwenye tovuti za "DLL za bure". Hujui ni toleo gani wala limebeba nini, na kompyuta hiyo ndiyo yenye hesabu za watu.

5. Sakinisha kifurushi kizima chenye DLL hiyo, kutoka kwa aliyeitengeneza. MSVCR100.dll inakuja na Visual C++ 2010, MSVCR120.dll na ya 2013, VCRUNTIME140.dll na ya 2015 kuendelea. Zote bure kwa Microsoft. x86 ni biti 32, x64 ni biti 64. DLL za Crystal zinakuja na runtime yake (kifurushi cha kuendeshea ripoti zake). Muombe aliyekuuzia programu, kwa sababu toleo lazima lilingane.

6. Washa upya, jaribu ripoti ya ukurasa mmoja kwanza.

MASWALI

Mgogo_Halisi: Mkuu nimefanya yote bado inagoma.
— Picha ya kosa iko wapi? Hatua ya 1.

Chamwino4: Nirushie hiyo DLL WhatsApp basi, mbona unazunguka?
— Sirushi. Sijui programu yako, toleo wala biti. Nikikurushia ikaharibika utakuja kusema fundi kaniua. Soma onyo.

DadaMhasibu: Samahani kaka, nilijaribu regsvr32, ile amri ya Windows ya kusajili DLL, ikaniambia "entry-point DllRegisterServer was not found". Faili ni bovu?
— Si lazima, dada. Swali zuri. regsvr32 inasajili DLL za COM tu, yaani zile ambazo Windows huziorodhesha ili programu nyingine ziziite. Nyingine hazina mlango huo na hazihitaji kusajiliwa. Ikikuletea 0x80070005 ni ruhusa, fungua Command Prompt kama administrator. Ikisema "module could not be found" wakati faili unaliona kwa macho, basi kuna DLL nyingine ambayo hilo linaitegemea na haipo. Rudi hatua ya 5. Kwa DLL ya biti 32 tumia regsvr32 iliyo ndani ya SysWOW64.

DadaMhasibu: Asante sana. Office yangu ni biti 32, ile injini ya Access ya biti 64 inakataa kuingia.
— Itakataa, hazipendi kukaa pamoja. Watu huilazimisha kwa kuisakinisha kimyakimya kwa amri yenye /quiet, ila Office inaweza kuanza vituko. Muombe muuzaji toleo la programu la biti 32, au toa ripoti kwa CSV (faili la maandishi matupu ambalo Excel hulifungua).

Mzani_Kibaigwa: Sisi inatoka, lakini rekodi zinaishia njiani.
— Unatoa .xls, faili la Excel la mtindo wa zamani. Mwisho wake ni mistari 65,536. Chagua .xlsx, inafika 1,048,576. Kama programu haina .xlsx, toa mwezi mmoja mmoja.

Afisa_Rasilimali: Nje ya mada kidogo: CSV yangu ikifunguka, namba za NIDA zinaishia na sifuri tupu.
— Excel inashika tarakimu 15 tu, NIDA ina 20. Ukishahifadhi hivyo, zilizopotea hazirudi. Usilifungue kwa kulibofya. Nenda Data, From Text/CSV, Transform Data, safu hiyo ifanye Text. Fanya hivyo na namba za simu, la sivyo sifuri ya mwanzo inaondoka. Kontroo namba zina tarakimu 12, hizo haziharibiki, zinaonekana tu kama 9.9E+11, panua safu na uipe umbo la Number lisilo na desimali.

Mgogo_Halisi: Picha hiyo hapo mkuu.
— Hiyo ni picha ya eneo-kazi. Nataka ya kosa.