Lancha ikifunguka tu inazimika: usifute gemu kwanza

Najua mkono unawasha. Umebofya, kidirisha cha lancha (programu inayofungulia gemu, kama Steam) kimejitokeza, kimezungukazunguka kidogo, kimepotea. Kinachofuata kwa wengi ni kufuta kila kitu na kupakua upya. GTA V peke yake inataka zaidi ya gigabaiti 90. Piga hesabu ya bando, halafu ujue kwamba ukimaliza kupakua utabofya tena na kidirisha kitapotea vilevile, maana aliyeanguka si gemu.

Mimi ni fundi kompyuta, Kariakoo. Mashine nyingi zinazofika mezani kwangu ni za mtumba: zilimaliza kazi maofisini Ulaya, zikaongezwa ramu na kadi ya grafiki ya bei nafuu, zikauzwa kama kompyuta za gemu. Ninayoeleza hapa yanaegemea huko. Mwenye mashine mpya atapata chake humu, ila shida yake mara nyingi huwa nyepesi zaidi.

Jua kwanza nani kaanguka

Lancha ni kivinjari kilichovaa nguo nyingine. Steam, Epic Games Launcher, Rockstar Games Launcher, EA app, Battle.net: dirisha unaloliona, lenye matangazo ya gemu mpya na sehemu ya kuandika nenosiri, linaendeshwa na Chromium, injini ileile iliyo ndani ya Chrome. Kwa hiyo lancha huumwa magonjwa ya kivinjari: draiva ya grafiki (programu inayoiongoza kadi), kashe iliyoharibika (nakala za muda ambazo lancha hujiwekea kwenye diski), saa isiyo sahihi, antivairasi yenye wivu. Gemu inaweza kuwa nzima kabisa kwenye diski huku mlango wake haufunguki.

Na mara nyingine milango ni miwili. Ukinunua GTA V kupitia Steam, Steam inaiamsha lancha ya Rockstar, nayo ndiyo inaiamsha gemu. Imekuwa hivyo tangu Rockstar walipotoa lancha yao mwaka 2019. Gemu nyingi za Ubisoft na za EA zilizoko Steam nazo zinapita njia ya namna hiyohiyo.

Bonyeza Ctrl+Shift+Esc, Task Manager ifunguke, nenda kichupo cha Details, panga majina kwa alfabeti. Sasa bofya gemu huku macho yako pale. Kwa GTA V utaona PlayGTAV.exe, kisha Launcher.exe na SocialClubHelper.exe, na mwisho GTA5.exe (kwa toleo la Enhanced ni GTA5_Enhanced.exe). Ukiona hiyo ya mwisho imetokea halafu ikapotea, gemu ndiyo imeanguka, na hiyo ni habari nyingine. Isipotokea kabisa, gemu haikuguswa. Achana nayo, shughulika na lancha.

Ukiwa hapohapo angalia mabaki. Lancha ikifa vibaya huacha michakato yake nyuma, na ukibofya mara ya pili ile mpya inaikuta ya zamani bado ipo, inajiondokea kimya kimya. Chagua kila mchakato wa lancha hiyo, End task, jaribu tena. Kuna watu wametoka kwangu bila kulipa kitu kwa sababu ya hatua hii tu.

Soma kilichoandikwa

Hapa ndipo ningependa utumie muda mwingi, kwa sababu Windows inaandika kila mara programu inapoanguka na karibu hakuna anayekwenda kusoma. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika:

perfmon /rel

Itatokea kalenda yenye alama nyekundu za X. Bofya siku ya leo, tafuta jina la lancha yako kwenye orodha ya chini, libofye mara mbili. Mstari unaoutaka ni Fault Module Name, yaani kipande kilichokuwa kinafanya kazi wakati programu inaanguka.

Jina likianza na nv, mfano nvwgf2umx.dll au nvoglv64.dll, hiyo ni draiva ya NVIDIA. Likianza na ati au amd, ni ya AMD. Likianza na ig, mfano igdumdim64.dll, ni ya Intel. Ukiona libcef.dll, ni Chromium yenyewe, na mtuhumiwa wa kwanza hapo ni kashe au grafiki. MSVCP140.dll na VCRUNTIME140.dll ni vya Visual C++, vifurushi vya Microsoft ambavyo programu nyingi huvitegemea; nitavirudia chini. RTSSHooks64.dll ni RivaTuner, ile programu inayokuja na MSI Afterburner na kuandika idadi ya fremu kwenye kona ya skrini. Izime kabisa kisha ujaribu. Programu yoyote inayochora kitu juu ya gemu hujichomeka ndani ya lancha pia, na hapo ndipo ugomvi unapoanzia.

Ukikuta ntdll.dll au KERNELBASE.dll usikimbilie kuilaumu Windows. Hayo ni mafaili ya msingi ambayo kila programu hupitia, hivyo jina lake huandikwa hata kosa likiwa la mwingine. Vivyo hivyo namba 0xc0000005: maana yake programu imegusa sehemu ya kumbukumbu isiyoruhusiwa kuigusa, na sababu zake ni mia.

Saa

Inaonekana ya kitoto, ila kwa mashine za mtumba mimi huiangalia kabla ya kitu kingine chochote. Kijana mmoja alileta kompyuta akiwa amekata tamaa. Alikuwa ameshaweka Windows upya na kubadilisha ramu. Kona ya chini kulia palisomeka 2013. Kwao umeme unaruka sana, kwa hiyo kila akimaliza kucheza anachomoa waya ukutani, na betri ndogo ya ubao mama, CR2032, ilikuwa imekwisha. Kila akichomoa, saa inarudi nyuma.

Lancha huongea na seva kwa kutumia vyeti vya usalama vyenye tarehe ya kuanza na tarehe ya kuisha. Kwa mashine inayoamini ni 2013, cheti cha leo hakijaanza kutumika, basi inakataa muunganisho. Lancha iliyoandikwa kwa uangalifu itakuambia kuna kosa la mtandao. Nyingine hujifunga tu bila salamu.

Nenda Settings, Time & language, Date & time, hakikisha majira ya saa (Time zone) ni (UTC+03:00) Nairobi, kisha Sync now. Ikigoma, weka tarehe kwa mkono kwanza ndipo ubofye tena, kwa sababu Windows huwa haikubali kuruka miaka mingi kwa mkupuo. Betri inauzwa hata kwa mafundi saa; nzima inasoma volti 3 au zaidi kidogo kwenye mita. Zima mashine na uchomoe waya kabla ya kuibadilisha.

Grafiki

Fungua Device Manager, panua Display adapters. Ukisoma Microsoft Basic Display Adapter, huna draiva, na tuache kuzungumzia gemu mpaka uiweke. Pakua kutoka tovuti ya NVIDIA, AMD au Intel kulingana na kadi yako. Zile programu za "sasisha draiva zote kwa kubofya mara moja" sizipendi na sitazipenda. Mashine nyingi huja kwangu zikiwa na draiva ya kadi nyingine kabisa kwa ajili yake.

Wenye Intel ya kizazi cha 4, ambazo mjini zimejaa: kuanzia draiva ya toleo 15.40.44.5107, Intel walizima DirectX 12 (njia ambayo gemu hutumia kuongea na kadi ya grafiki) kwenye vichakato hivyo kwa sababu za usalama. Kitu chochote kinachodai DirectX 12 hakitafunguka kwa grafiki ya ndani ya mashine hiyo. Hapo njia salama ni kuongeza kadi ya grafiki au kuchagua gemu nyingine.

Ili kujua kama ni grafiki kweli, izuie lancha isiitumie. Kwa Steam, bofya kulia kwenye njia yake ya mkato iliyopo skrini ya mwanzo (Desktop), Properties, na kwenye Target, baada ya alama ya mwisho ya kunukuu, acha nafasi kisha ongeza:

-cef-disable-gpu

Kwa Epic ongeza -OpenGL mahali hapohapo. Lancha ikifunguka na kubaki wazi, umepata jibu. Kwa Steam ingia Settings, Interface, uzime GPU accelerated rendering in web views, na gemu zako hazitapungua kasi, maana hiyo inahusu kurasa za Steam tu. Kwenye laptop yenye grafiki mbili kuna njia nyingine: Settings, System, Display, Graphics, ongeza faili la exe la lancha, chagua Power saving. Lancha itumie grafiki ndogo. Kubwa iachie gemu.

Kashe, na tahadhari moja

Kabla hujagusa kashe hakikisha unakumbuka nenosiri, na laini ya simu au barua pepe inayopokea namba za uthibitisho bado ni yako. Kufuta kashe kunaweza kukutoa kwenye akaunti, na nimeona mtu akilia kwa sababu laini aliyosajilia ilishafungiwa siku nyingi.

Funga lancha na michakato yake. Windows+R, andika %localappdata% na Enter. Kwa Steam ingia Steam, kuna folda htmlcache. Kwa Epic ingia EpicGamesLauncher, kisha Saved, na humo kuna folda moja au zaidi zinazoanza na webcache. Mimi sizifuti, nazibadilisha jina: htmlcache inakuwa htmlcache_zamani. Lancha itajitengenezea mpya ikifunguka. Mambo yakikaa sawa siku chache, futa ya zamani.

Visual C++ na ile 0xc000007b

Ukipata ujumbe kwamba VCRUNTIME140.dll haipo, au namba 0xc000007b, pakua Visual C++ Redistributable kutoka Microsoft, zote mbili, x86 (biti 32) na x64 (biti 64), hata kama Windows yako ni ya biti 64. Lancha nyingi zina vipande vya biti 32 ndani yake, na namba hiyo mara nyingi ni ishara kwamba programu ya upande mmoja imekutana na faili la upande mwingine. Zote mbili kwa pamoja hazifiki megabaiti 50. Usiende kutafuta faili moja la dll kwenye tovuti za mitaani na kulitupia kwenye System32, folda ya mfumo wa Windows. Hata likikubali, hujui aliyelipika.

Antivairasi

Ingia Windows Security, Protection history, uone kama kuna faili la lancha lililozuiwa. Kisha angalia Controlled folder access chini ya Ransomware protection. Ikiwa imewashwa, programu isiyoruhusiwa haiwezi kuandika ndani ya Documents, na lancha na gemu nyingi huweka mipangilio yake humohumo. Iruhusu lancha kwenye orodha, usizime ulinzi wote.

Na mwenye gemu iliyovunjwa kufuli, tuongee ukweli. Antivairasi ikila steam_api64.dll ya gemu yako, huenda inakosea, huenda haikosei, na mimi sina njia ya kukuhakikishia. Hizo sizitengenezi.

Ukifika kwenye kuweka upya

Kama yote yamegoma, weka upya lancha, si gemu. Lakini kwa Steam usitumie Uninstall kabla ya kusoma hapa: gemu zilizo ndani ya folda ya Steam zitaondoka nayo. Badala yake ingia C:\Program Files (x86)\Steam, futa kila kitu isipokuwa steamapps, userdata na steam.exe. Kisha bofya steam.exe, itajipakulia sehemu zake zilizobaki. Gemu zako zitakuwa palepale.

Baada ya hapo, kama gemu moja tu ndiyo inasumbua, bofya kulia jina lake, Properties, Installed Files, Verify integrity of game files. Inasoma faili zote na kupakua zile zilizoharibika tu. Kwa diski ya kuzunguka itachukua muda, kanywe chai. Na kuna gemu zinazokubali kuruka lancha yake kabisa: Cyberpunk 2077 na The Witcher 3 kwenye Steam, andika --launcher-skip sehemu ya Launch Options.

Mwenye Windows 7 au 8 asijisumbue na haya yote. Steam waliacha kuzihudumia tarehe 1 Januari 2024.

Kama bado, mtuhumiwa ni programu nyingine inayowaka pamoja na Windows. Windows+R, msconfig, kichupo cha Services, weka tiki kwenye Hide all Microsoft services ndipo ubofye Disable all. Ukisahau tiki hiyo utazima na vitu ambavyo Windows inavihitaji. Washa upya. Lancha ikifunguka, rudisha huduma nusu nusu mpaka iliyo na kosa ijitokeze. Isipofunguka, zirudishe zote, piga picha ile ripoti ya perfmon yenye jina la kipande kilichoanguka, na uitume kwa huduma ya wateja wa lancha au uje nayo kwa fundi.