Umepewa notisi ya kubomolewa? Usingoje siku 90 ziishe

Mimi ni msaidizi wa kisheria, nakaa Mwanga hapa Kigoma. Wengi wanaonifuata na notisi ya kubomolewa huwa wameshachelewa. Mama mmoja aliifungua yake kutoka pindo la kanga; tarehe ya kubomoa ilikuwa keshokutwa.

Ukitaka kuishtaki halmashauri iliyokupa notisi hiyo, sheria inakutaka kwanza uipe notisi yako ya siku 90 kwamba utaishtaki, nakala ziende kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kwa Wakili Mkuu wa Serikali. Itume leo. Lakini tingatinga halingoji siku 90, ndiyo maana yapo maombi ambayo mawakili huyaita Mareva: unaiomba Mahakama Kuu izuie ubomoaji huku siku za notisi yako zikihesabiwa.

Yafungue kwa hati ya dharura (inayoeleza kwa nini hayawezi kusubiri), pamoja na kiapo, yaani maelezo yako ya maandishi uliyoyaapia. Kwenye kiapo "nitaathirika sana" haitoshi. Taja vyumba vingapi, nani wanalala humo, michikichi mingapi iko uani, notisi uliipokea lini na wamesema watakuja lini. Ambatanisha notisi yao na yako.

Kisha muulize karani maombi yamepangwa tarehe ipi. Ikiwa ni baada ya siku ya kubomoa, wakili aombe hapohapo amri ya kubakiza hali ilivyo hadi pande zote zisikilizwe. Watu wengi hupotezea hapa: wanapewa tarehe, wanashukuru, wanarudi nyumbani. Tingatinga likishapita, hakuna cha kuzuia tena. Jaji atasema maombi yamepitwa na wakati, na atakuwa sahihi, hata kama haki ilikuwa yako. Inauma sana kuliona hilo.

Ukipata zuio, usilale. Siku 90 zikiisha, Mareva nayo imekwisha kazi. Kesi ya msingi, yaani ile yenyewe ya kuishtaki halmashauri, iwe tayari, ifunguliwe Mahakama Kuu, Mwanasheria Mkuu aunganishwe kama mdaiwa (asipokuwemo, shauri zima linaharibika), na maombi mapya ya zuio yaende nayo. Zuio hilo hutolewa kwa muda usiozidi miezi sita. Likiongezwa, jumla haivuki mwaka.

Wameshabomoa? Ondoa maombi ya zuio, elekeza nguvu kwenye fidia. Piga picha kabla kifusi hakijazolewa, mwite mthamini, kusanya risiti za mabati na saruji, na uandike majina ya majirani walioshuhudia.